Kuanguka na Kusema: Sanaa ya Mzee Ojwang' Ikitazamwa Kutoka Garsen

Wakenya waliokulia mbele ya televisheni katika miaka ya 1980 na 1990, wengi wao wanaweza kumwiga Mzee Ojwang' Hatari: sauti yake, mwendo wake, na hasa matamshi yake. Ni wachache waliojiuliza, wamwigapo, wanamwiga nani. Mwigizaji aliyekuwa nyuma ya jina hilo, Benson Wanjau, hakuwa Mjaluo. Alikuwa Mkikuyu aliyejitwalia jina la Kijaluo na lafudhi ya Kijaluo, akavivaa vitu hivyo viwili kwa zaidi ya miaka 30, hata alipofariki mwezi wa Julai 2015 akiwa na umri wa miaka 78 wako waliopigwa na butwaa kulisikia jina lake la kuzaliwa. Basi mtoto aliyemwiga Ojwang' alikuwa akimwiga mtu ambaye naye alikuwa akiiga.

Makala haya yanakusudia kuieleza kazi ya mchekeshaji huyo kama suala la lugha. Sifa alizopewa baada ya kufa zilikuwa za kweli, yaani kwamba alichekesha, alipendwa na alidumu. Lakini hazielezi ni kitu gani hasa alichokuwa akikifanya kwa ulimi na kwa mwili wake, wala hazielezi kwa nini kitu hicho hicho, kikihamishwa mahali, chaweza kubadilika tabia. Kwa ajili hiyo sanaa yake itatazamwa hapa kutoka Garsen, katika Kaunti ya Tana River. Huko hakukuwa kwake, wala Vitimbi haikutungwa kwa ajili ya watu wa huko. Lakini Garsen ni mahali ambapo suala la lafudhi si mchezo wa televisheni tu. Ni jambo la kila siku sokoni.

Mji huo umekaa sehemu ya chini ya Mto Tana, jirani na njia panda ya Minjila, ambapo barabara itokayo Malindi huachana, moja ikashika njia ya Lamu na nyingine ikapanda kwenda Hola na Garissa. Wapokomo hulima kandokando ya mto. Lugha yao ni ya kundi la Sabaki, ndugu wa karibu wa Kiswahili, wa lugha za Kimijikenda na za visiwa vya Komoro. Waorma na Wawardei hufuga, na lugha yao ni ya Kikushi, tawi la Kioromo. Wasomali wamo, na wageni wa pwani wamo, na juu zaidi ya mto wako Wailwana, ambao lugha yao ya Kibantu imekaa na Kiorma muda mrefu hata ikabadilika kwa kiasi kinachowashangaza wanaisimu. Wote hao hukutana katika Kiswahili, na kila mmoja huingia katika Kiswahili kwa mlango wake. Mtu akitaja bei ya samaki kwa maneno mawili, atokako kumekwisha kujulikana.

Chale na kijiti chake

Kiswahili kina neno "chale" kwa maana ya mtu achekeshaye watu kwa vitendo na maneno. Asili yake yaelekea kuwa ni jina la Charlie Chaplin, ambaye filamu zake zisizo na sauti zilionyeshwa Afrika ya Mashariki tangu enzi za ukoloni, mijini katika majumba ya sinema na mashambani kwa magari ya sinema. (Neno hili lisichanganywe na chale ya kuchanjwa mwilini, ingawa mpenda mafumbo aweza kuona kwamba zote mbili huacha alama.) Ni jambo la kuangaliwa kwamba istilahi ya ucheshi katika lugha yetu imetokana na mtu ambaye, katika filamu zilizomfanya ajulikane, hakutamka neno lolote lililosikika. Mwili ndio uliosema. Kofia ikianguka, kiti kikivutwa, mlango ukimpiga mtu usoni, hakuna mtazamaji ahitajiye mkalimani.

Kwa upande mwingine, ucheshi wa Ulaya uliomtangulia Chaplin ulikuwa na maneno mengi sana. Katika maigizo ya vinyago yaliyostawi Italia tangu karne ya 16, kila kinyago kilikuwa na lahaja yake. Pantalone, mzee tajiri na bahili, alisema lahaja ya Venice. Daktari, msomi wa maneno matupu, alisema ya Bologna. Watumishi walisema ya Bergamo, ambako maskini wengi walitoka kwenda kutafuta kazi. Na mtumishi Arlecchino alibeba kijiti cha vibao viwili ambacho kikimgusa mtu hutoa kishindo kikubwa pasi na kumwumiza. Kijiti hicho ndicho kilichoupa ucheshi wa vipigo na miereka jina lake la Kiingereza. Mambo hayo mawili, lahaja na kijiti, yalikwenda pamoja, na ni vigumu kuamini kwamba yalikutana kwa bahati. Huenda lahaja nayo ilikuwa kijiti cha namna ile, yenye kishindo bila maumivu. Au huenda iliumiza, ila maskini wa Bergamo hakuulizwa.

Afrika ya Mashariki ilikuwa na ucheshi wake kabla ya vyombo vya mawasiliano, kuanzia hadithi za Sungura na Abunuwasi hadi utani wa misibani. Katika delta ya Tana yenyewe masimulizi ya Fumo Liyongo, yanayohusishwa na Ozi, Kipini na Shaka, yamejaa hila za kumfanya mwenye nguvu aonekane mjinga: tupa iliyofichwa ndani ya mkate wa makapi, na ngoma iliyopigwa kwa shangwe ili mlio wa tupa juu ya pingu usisikike. Walinzi walisikia ngoma. Hila kama hizo ndizo lugha inazoziita vitimbi, na neno hilo halikuchaguliwa vibaya kuwa jina la kipindi.

Ramsa iliyoandikwa kwa Kiswahili nchini Kenya ina uhusiano mwingine na Tana, ambao haukumbukwi sana. Graham Hyslop, ambaye tamthilia zake fupi za kuchekesha *Afadhali Mchawi* na *Mgeni Karibu* zilichapishwa mwaka 1957, ndiye pia aliyekuwa mmoja wa wajumbe watano wa tume iliyotayarisha wimbo wa taifa wa Kenya mwaka 1963, pamoja na George Senoga-Zake, Thomas Kalume, Peter Kibukosya na Washington Omondi. Sauti ya wimbo huo ilitokana na wimbo wa kubembelezea watoto wa Kipokomo, uliopatikana kwa Mzee Meza Morowa Galana. Taifa zima husimama wima kwa sauti iliyowahi kumlaza mtoto kando ya Mto Tana. Wimbo wa Tana, basi, umesikika kila mahali. Kuhusu matamshi ya Tana itasemwa hapo mbele.

Televisheni ilianza Kenya mwaka 1962. Miaka miwili baadaye shirika la utangazaji likawa chini ya serikali kwa jina la Sauti ya Kenya, na mwaka 1970 kituo cha televisheni kikafunguliwa Mombasa. Jina likabadilika tena mwaka 1989 na kuwa KBC. Kabla ya Ojwang' walikuwapo wachekeshaji waliojulikana sana, kama vile Kipanga na Mzee Pembe. Na upande wa Tanzania Bara, ambako televisheni ilichelewa hadi mwaka 1994, redio iliwapa watu Pwagu na Pwaguzi, majina yaliyochukuliwa katika methali. Tofauti ya vyombo hivyo viwili ni kubwa kuliko inavyodhaniwa. Mchekeshaji wa redio hana mwili, kwa hiyo kila kitu lazima akitie ulimini. Wa televisheni ana vyote viwili, na kipaji chake hupimwa kwa namna anavyovigawia kazi.

Mtu na kinyago

Wanjau alionekana katika vipindi vya Darubini na Vioja Mahakamani, lakini kilichomfanya awe mtu wa kila nyumba ni Vitimbi, ambamo alikuwa mume wa Mama Kayai, mhusika aliyechezwa na Mary Khavere. Vipindi hivyo havikutungwa kwa ajili ya watoto peke yao. Hata hivyo watoto walikuwa miongoni mwa watazamaji wake waaminifu zaidi, na sababu si ngumu kuiona. Mtoto asiyefuata kisa chote hufuata mwili. Ojwang' ni mzee ajionaye mkubwa: husema kwa kujigamba, huamrisha, hutisha, na jina lake la pili ni Hatari. Kisha mwili unakataa kutii maneno. Anayetisha anakimbia, aliyesimama kwa fahari anajikuta chini, aliyeahidi kumrudi mke wake anaonekana akitafuta mlango. Henri Bergson aliandika mwaka 1900 kwamba tunacheka tunapomwona mtu aliye hai akifanya mambo kama mashine isiyojua kujirekebisha. Maelezo hayo yanafaa kwa Chaplin. Kwa Ojwang' yanahitaji nyongeza, kwa kuwa hapa kinachojiendesha kama mashine ni majivuno ya mume, na watoto wa Kenya walikuwa wakionyeshwa kila juma kwamba mzee naye aweza kukosea na nyumba isianguke.

Jambo hilo lilikuwa zito zaidi kuliko lilivyoonekana. Katika jamii ambazo heshima kwa mzee ni sharti la malezi, mtoto hana ruhusa ya kumcheka baba yake. Alipewa baba wa kumcheka. Na kwa sababu Mama Kayai hakuwa mke wa kunyamaza, mtoto alipewa pia mama anayejibu. Yote hayo yalipita bila kuwaudhi wazazi waliokuwa wameketi nyuma yake, kwa kuwa wao nao walikuwa wakicheka.

Katika miaka yake ya mwisho Wanjau alipoteza uwezo wa kuona. Hali hiyo ilipojulikana hadharani, mwaka 2012, wananchi walichangia matibabu kupitia kipindi cha Churchill Live cha Daniel Ndambuki, akafanyiwa upasuaji wa macho. Habari hiyo huelezwa aghalabu kama kisa cha huruma, au kama lawama juu ya malipo ya wasanii wakongwe, na lawama hiyo ina haki yake. Lakini iko pia habari ya ufundi ndani yake. Mtu aangukaye kwa ajili ya kuchekesha hana budi kuona sawasawa pale atakapoangukia. Jicho ndilo linalopima hatua kati ya kiti na sakafu, na kati ya mkono wa mke na shavu la mume. Mchekeshaji wa maneno aweza kuendelea gizani. Wa mwili hawezi.

Lafudhi iliyoazimwa

Sasa kuhusu ulimi. Dholuo haina sauti *sh*, *z* wala *v* katika mfumo wake asilia. Kwa hiyo mtu aliyeizaliwa, akisema Kiswahili bila kujifunza sauti hizo, ataelekea kusema *sida* kwa *shida*, *msee* kwa *mzee*, na hata jina la kipindi kwake laweza kuwa *Fitimbi*. Kikuyu ina upungufu wa namna nyingine kabisa. Haina *l* inayotengana na *r*, na haina *f* wala *p* za asili. *B*, *d* na *g* zake kamili hutanguliwa na sauti ya puani, ndiyo maana huigwa kwa *mbaba* na *ndawa*. Msemaji wa Kikuyu anayeteleza katika Kiswahili hateleza pale anapoteleza Mjaluo.

Maana yake ni kwamba Wanjau alikuwa akifanya kazi mbili kwa wakati mmoja. Kwanza alitakiwa ayafiche makosa ambayo lugha yake ya kwanza ingemtega kuyafanya. Pili alitakiwa ayafanye, kwa utaratibu na bila kusahau, makosa ambayo lugha hiyo isingemtega. Ili aseme *Fitimbi* kama Mjaluo ilimbidi atumie *f*, sauti ambayo Kikuyu cha asili hakina. Wanafunzi wa fonolojia hupoteza majuma mengi kabla ya kuelewa kwamba kosa la matamshi ni mfumo, wala si ovyo ovyo. Mzee huyu aliuelewa mfumo wa watu wengine kwa sikio, akaukariri, akauendesha huku akikimbizwa.

Ni sharti isemwe pia kwamba lafudhi ya Ojwang' haikuwa nakala ya Mjaluo yeyote. Kinyago hakina haja ya kufanana na uso. Kina haja ya kutambuliwa kutoka mbali. Mwigizaji huchagua sauti mbili tatu zenye kishindo, akaziacha nyingine. Toni za Dholuo, ambazo ndizo zinazompa msemaji wake wa kweli mwimbo wake katika Kiswahili, ni ngumu kuigwa kuliko *s* na *f*, na kwa watazamaji wengi zisingetambulikana.

Hapo ndipo kanuni ya ucheshi huu inapoonekana: lafudhi huchekesha pale tu mtazamaji anapoijua kabla ya kuisikia. Vioja Mahakamani iliitumia kanuni hiyo waziwazi zaidi kuliko Vitimbi. Mahakamani, hakimu na mwendesha mashtaka husema Kiswahili kilicho karibu na sanifu, na mshtakiwa huletwa kizimbani na lafudhi yake. Sheria ina lugha moja, makosa yana lugha nyingi. Hata Kiswahili cha mwambao, ambacho vitabuni ndicho kipimo, kiligeuka huko kuwa lafudhi mojawapo ya kuchekwa, na jambo hilo lingestahili makala yake peke yake.

Kwa kanuni hiyo inaeleweka kwa nini miongoni mwa wahusika mashuhuri wa vipindi hivyo hakuna aliyejengwa juu ya matamshi ya Mpokomo wala ya Mworma. Kipokomo kina sauti ambazo zingemfurahisha mwigizaji yeyote, kama ile *pf* ambayo wenyewe huitumia hata katika jina lao, Mpfokomo. Kiorma kina sauti za kooni na za kupasuka ambazo Kiswahili hakina, na hakina *p*, *v* wala *z* za asili, sawa na Kisomali. Vifaa, basi, vilikuwapo. Lakini mtazamaji wa Nakuru au Machakos hana picha yoyote kichwani ya mtu asemaye *pf*, na sauti isiyoamsha picha haichekeshi. Kuna wanaolichukua jambo hili kuwa bahati njema, kwamba Tana ilisalimika na dhihaka. Hoja hiyo haina nguvu sana. Watu waliosalimika na dhihaka kwa sababu hakuna awajuaye, wamesalimika pia na mambo mengine mengi yaletwayo na kujulikana. Wimbo wao ulichukuliwa ukawa wa taifa. Ndimi zao zilibaki bondeni.

Sokoni Garsen

Mtoto wa Garsen, kwa hiyo, alikutana na kinyago cha Mjaluo pengine kabla ya kukutana na Mjaluo, na kwake lafudhi ile haikuwa na jirani nyuma yake. Aliweza kuicheka kama alivyomcheka Sungura. Lakini mtoto aliyejifunza kwamba matamshi ya mtu ni kitu cha kuchezea hakifungi kipaji hicho ndani ya televisheni. Anatoka nacho nje, na huko nje majirani wapo. Mfugaji anaposema *baba* na *pap​a* akavitoa vyote kwa *b*, mtoto wa mkulima amekwisha kupata mchezo. Mkulima anapojaribu maneno mawili ya Kiorma, kwa herufi za kooni asizoziweza, mtoto wa mfugaji naye amepata wake.

Je, huo ni utani? Katika Kiswahili utani si mzaha wowote. Ni uhusiano wenye kanuni, uliochunguzwa zaidi Tanzania, kama ule baina ya Wazaramo na Wanyamwezi uliokuzwa na safari za misafara. Mtani humtukana mtani wake na kumnyang'anya kitu chake bila kosa, lakini kwa sharti kwamba mwenzake ana haki ile ile, na kwamba siku ya msiba mtani huyo huyo ndiye atakayefanya kazi za mazishi. Haki ya kucheka inalipiwa kwa wajibu. Televisheni imeuchukua mzaha wa utani ikaacha kanuni zake. Mtazamaji anacheka, mwenye lafudhi, popote alipo, hana kipindi cha kujibu, na msiba wake ukitokea hakuna mtu wa kipindini aliyefungwa na ada kwenda kuchimba kaburi.

Katika hali ya Ojwang' upungufu huo ulizibwa na mwili. Mkikuyu aliyevaa ulimi wa Mjaluo angeweza, katika siasa za Kenya za miaka ile, kuwa tusi la wazi. Hakuwa hivyo kwa sababu katika kila kisa aliyeanguka alikuwa yeye. Lafudhi ilisema huyu ni wa kule; kuanguka kulisema huyu ni mume kama waume wote. Macho yalikuwa yakimwambia mtazamaji jambo ambalo masikio yalikuwa yakikanusha, na macho yakashinda. Wajaluo wengi walimkubali kama wao. Kuiga ulimi wa mtu na kubaki umesimama wima ni jambo jingine kabisa, na ndilo ambalo watoto hufanya kwa wepisi, kwa kuwa kuanguka kunauma.

Uzito wa tofauti hiyo ulionekana upya baada ya ghasia za mwaka 2007 na 2008. Sheria ya Utangamano na Uwiano wa Kitaifa, iliyopitishwa mwaka 2008, inakataza maneno na maandishi ya vitisho au matusi yanayokusudia kuchochea chuki ya kikabila, na inataja waziwazi hata maonyesho ya michezo ya kuigiza. Ilikuwa mara ya kwanza kwa mwigizaji wa Kenya kuwa na sababu ya kufikiri juu ya *s* na *sh* mbele ya wakili. Sheria hiyo haikuwanyamazisha wachekeshaji, na lafudhi ziliendelea kuwa chakula chao kikuu, lakini kwa kuwa sheria hutazama makusudio, haina namna ya kupima miereka.

Mwaka huo huo wa 2012, Wakenya wa makabila yote walipokuwa wakichanga fedha kwa ajili ya macho ya Mkikuyu aliyewachekesha kwa Kijaluo, katika delta ya Tana mapigano baina ya Wapokomo na Waorma yalianza mwezi wa Agosti, yakaendelea hadi Januari 2013. Zaidi ya watu 100 waliuawa, wanawake na watoto wakiwamo, na vijiji vikachomwa. Lingekuwa kosa kubwa kusema kwamba lugha ndiyo iliyosababisha hayo. Ardhi, maji, malisho, njia za mifugo kwenda mtoni ziitwazo malka, na siasa za uchaguzi uliokuwa ukikaribia ndizo zilizotajwa, na zatosha. Lakini mahali ambapo mavazi ya watu hufanana na wote husema Kiswahili, matamshi huwa ndiyo kitambulisho kisichoweza kuachwa nyumbani. Kile ambacho sokoni humfanya muuza samaki ajue atoe bei gani, usiku wa hofu hufanya kazi nyingine. Mtu aweza kubadili kanzu au kikoi. Hawezi kuipata *p* kwa usiku mmoja.

Kwa walimu wa Kiswahili wa sehemu hiyo swali lina sura ya vitendo. Iko desturi ya darasani ya kusahihisha matamshi kwa kumwiga mwanafunzi aliyekosea ili wenzake wacheke. Ni njia ya haraka, na kwa mwalimu mcheshi ni kishawishi kikubwa. Mwalimu huyo ameichukua nusu ya sanaa ya Ojwang', nusu isiyo na gharama kwake. Kama angependa kuichukua yote, njia ipo: ajaribu yeye kutamka *d* ya Kiorma ya kumeza pumzi, au *pf* ya mtoni, mbele ya watoto ambao ni zao, akosee, na acheke nao. Darasa la namna hiyo lingekuwa limesogea karibu zaidi na utani wa kweli kuliko vipindi vingi vya televisheni, na somo la fonolojia lingekuwa limefundishwa humo humo, kwa kuwa mwanafunzi angeona kwamba kosa la mwalimu lina mfumo sawa na la kwake.

Mfano wa kuanzia uko karibu. Kiswahili sanifu huwaita wakulima wa mto huo Wapokomo, na ndivyo wanavyoandikwa katika vitabu na katika hati za serikali. Jirani yao mfugaji, ambaye lugha yake haina *p*, huelekea kuanza jina hilo kwa *b*. Wenyewe husema Wapfokomo. Kati ya watu wote wanaolitaja jina hilo kila siku Garsen, wenye jina na jirani zao wa karibu zaidi ndio wasiolitamka kama lilivyo kamusini.